Kumbe kompyuta ilikua inarekodi muda wote, na aliyeiwasha ni mimi

Kwa kama miezi miwili hivi kila nikienda laivu kurusha gemu ninalocheza, sentensi ya kwanza kwenye chati haikua salamu, ilikua "mkuu unaganda". Mimi naangalia skrini yangu gemu inateleza vizuri tu, nawajibu labda mtandao wenu, wao wananiambia hapana kaka, wengine tunawaangalia hapahapa wako fresh, ni wewe tu. Ukishaambiwa hivyo na watu watano wasiojuana inabidi ukubali, tatizo liko kwako.

Na kilichonichanganya ni hichohicho, kwamba kwangu haigandi. Ingekua gemu lenyewe linakwama ningejua mashine imechoka. Lakini nacheza vizuri, nalenga vizuri, alafu nikienda kuangalia marudio ya matangazo yangu mwenyewe naona mtu anatembea kwa kurukaruka, sauti imenyooka ila picha inakuja vipande vipande. Sauti sawa, picha hovyo. Hiyo ilikua dalili nzuri sana na mimi nikaipita tu bila kuisoma.

Nikaanza na intaneti maana huyo ndo mshitakiwa wa kwanza siku zote. Nikaacha wifi nikachomeka waya, nikashusha bitireti, yaani kilobiti za video ninazotuma kila sekunde, kutoka 6000 kwenda 4500, alafu 3000. Kilichobadilika ni kwamba picha ikawa mbaya kama unaangalia kupitia kioo chenye mvuke, na kuganda kuko palepale. Mwanzo nilikua nalalamikiwa kitu kimoja, sasa nikawa nalalamikiwa viwili.

Nikahamia kwenye OBS, programu ninayotumia kurushia matangazo. Nikaifuta nikaiweka upya, na kwenye kuifuta nikatiki kile kiboksi cha kufuta na setingi zangu maana nilitaka nianze safi kabisa, kwaiyo sini zote (mipangilio ya skrini ya matangazo), vyanzo vyote, vichujio vya maiki nilivyovipanga kwa wiki nzima, vyote vikaondoka. Sikua na nakala. Usiku ule sikwenda laivu, nilikaa napanga upya vitu vilevile nilivyokua navyo asubuhi, na nilipomaliza nikajaribu, ikaganda.

Nikabadilisha enkoda. Nilikua natumia x264 ambayo inabana video kwa nguvu ya prosesa, nikasoma sehemu kwamba kama una kadi ya grafiksi ya Nvidia tumia NVENC, ina kipande chake maalumu ndani ya kadi cha kubana video tu, haigombanii kazi na gemu. Nikahamia huko. Ikapungua kidogo siku ya kwanza nikafurahi nikatangaza mpaka kwenye chati kwamba jamani nimepona, siku ya pili nikaingia kwenye gemu zito zaidi, "mkuu unaganda". Hapo nilishaanza kuangalia kadi mpya. Yaani nilishafika hatua ya kulinganisha kadi na kadi usiku wa manane nikijiambia hii sasa siyo anasa, ni lazima.

Kuna dogo mmoja kwenye chati yangu huwa haongei sana, anakaa kimya anaangalia, anaweza kumaliza saa mbili hajaandika kitu. Siku hiyo nalalamika kwa sauti kuhusu kadi yangu akaandika, "bro acha kubahatisha, fungua Stats utuambie namba tatu za chini zinasemaje."

Nikamuuliza namba gani. Mimi natumia OBS muda wote huo sijawahi kufungua Stats, nilidhani ni ya mafundi. Kumbe iko pale kwenye menyu ya Docks, unaifungua unaibandika pembeni, na ina mistari mitatu ambayo kama ningeisoma siku ya kwanza nisingefuta sini zangu wala kuharibu bitireti.

Akanieleza hivi, na naieleza kwa maneno yangu maana yake yalikua mafupi kama ujumbe wa benki. Fremu, yaani picha moja moja zinazounda video, inaweza kupotea sehemu tatu tofauti na kila sehemu ina mstari wake. Kuna fremu zinazokosekana kwenye kuchora, yaani OBS inachukua picha ya gemu, inabandika kamera yako, mapambo, maandishi, chati, inaunganisha vyote kuwa picha moja, na kazi hiyo inafanywa na kadi ya grafiksi ileile inayochora gemu. Kadi ikizidiwa, OBS inachelewa, fremu inapita bila kuchorwa. Kuna fremu zinazorukwa kwenye kubana, hapo picha imeshachorwa ila enkoda haijamaliza ya nyuma. Na kuna fremu zinazodondoka njiani kwenye mtandao, hizo ndo za intaneti, na hizo PEKE YAKE ndo zinahusiana na waya na wifi na kushusha bitireti.

Nikasoma zangu. Za mtandao sifuri. Sifuri kabisa, baada ya saa nzima. Za kubana zilikuwepo chache za kuhesabika. Za kuchora ilikua asilimia 8 na bado inapanda wakati naandika.

Asilimia 8 ukiisikia unaona ndogo. Ukirusha kwa fremu 60 kwa sekunde ina maana karibu fremu 5 kila sekunde hazipo, na hazipotei kwa mpangilio, zinapotea kwa mafungu pale kwenye mlipuko, moshi, watu wengi, yaani hasahasa pale ambapo mtu anataka kuona. Na ukipiga hesabu, fremu 60 kwa sekunde maana yake kila fremu ina milisekunde 16.7 tu ya kumaliza kila kitu, gemu lichore, OBS iunganishe, ipeleke kwa enkoda. Kukiwa na mtu mwingine anachomoa milisekunde mbili tatu pale katikati kila mara, gemu lako halitaonyesha sana maana Windows inalipa gemu kipaumbele, anayekosa ni OBS. Ndo maana kwangu ilikua inateleza na kwao inaganda. Nilivyoelewa hilo nilikaa kimya kama dakika nzima, laivu, watu wananiuliza kama sauti imekata.

Dogo akasema "sasa nitumie logi."

Nyie mnaorusha na hamjui hii kitu, OBS kila ukiifungua inaandika shajara ya kila ilichokiona kwenye mashine yako, iko kwenye menyu ya Help, Log Files. Ukiipandisha kwa hiyohiyo menyu unapata linki, na waliotengeneza OBS wana ukurasa wao wa kuichambua, unabandika linki yako inakuorodheshea matatizo kwa rangi. Nikafanya hivyo. Kukawa na manjano kadhaa na moja wapo ikataja mstari ambao kwenye logi umeandikwa Game DVR Background Recording: On, yaani kurekodi gemu kwa nyuma kumewashwa.

"Bro ulishawahi kuwasha ile ya Windows ya kurekodi kwa nyuma?"

Nikamjibu hapana, kwa ujasiri wote wa mtu asiyejua. Nikamwambia mimi ata hiyo Game Bar, ile paneli ya Windows ya kwenye gemu, situmii, narekodi kwa OBS tu.

"Sawa. Funga OBS kabisa, acha gemu wazi, fungua Task Manager, Performance, bonyeza kadi yako, angalia grafu ya Video Encode."

Nikafunga OBS. Yaani matangazo yakakatika hapohapo watu wakabaki kwenye giza, nilisahau kuaga. Nikafungua Task Manager nikaenda kwenye kadi, kuna grafu ndogondogo pale, 3D, Copy, Video Encode, Video Decode. 3D ilikua juu, sawa, gemu liko wazi. Lakini Video Encode ilikua inatembea. Hakuna programu ya kurekodi niliyoifungua mimi, OBS imefungwa, na kuna kitu ndani ya mashine yangu kinabana video muda huu. Nikatoka kwenye gemu, grafu ikalala chini. Nikarudi kwenye gemu, ikaamka. Nilirudia kama mara nne sijui nilikua nategemea nini.

Ndo nikakumbuka.

Kabla sijaanza kurusha, zamani kidogo, kuna usiku nilibaki mwenyewe kwenye timu, mbele yangu wako wanne, na mimi siyo mchezaji mzuri nasema ukweli, lakini usiku ule nikawamaliza wote wanne mmoja baada ya mwingine na risasi zikabaki mbili. Nikaruka kwenye kiti. Kesho yake nawasimulia jamaa, wananicheka, wananiambia video iko wapi. Video hamna. Uchungu wa ile siku ndo ulinipeleka kwenye setingi za Windows nikawasha ile ya kurekodi kilichotokea, kwamba mashine inarekodi kimyakimya muda wote unapocheza, ukifanya maajabu unabonyeza kitufe cha Windows pamoja na Alt na G inakuhifadhia sekunde 30 zilizopita. Nikaiweka mpaka fremu 60 na ubora wa juu, maana maajabu yangu siyo ya kurekodiwa kwa ubora wa kawaida. Nikatumia wiki mbili, nikaacha, nikasahau. Yenyewe haikusahau. Kila gemu nililofungua toka siku ile, ilikua inarekodi.

Na hapa niseme wazi, Windows haikuniibia kitu. Maelezo ya pale pale chini ya swichi yanakwambia inaweza kuathiri utendaji wa gemu, niliyasoma nikaona ni maneno tu ya kujikinga. Mkosaji ni mimi.

Sasa ukifikiria inavyofanya kazi unaelewa kwanini. Ili ikupe sekunde 30 zilizopita lazima iwe inarekodi sekunde ZOTE, haiwezi kujua ni ipi utaitaka. Kwaiyo inachukua kila fremu, inaikopi, inaipeleka kubanwa, inaitunza, alafu sekunde 30 zikipita inaitupa inaandika nyingine. Saa tatu za kucheza ni saa tatu za kurekodi, ata kama hujabonyeza kitufe ata mara moja. Kazi yote inafanyika, matokeo yanatupwa. Na OBS nayo iko palepale inafanya kazi ileile kwa gemu lilelile. Wapiga picha wawili kwenye harusi moja, wanasukumana mbele ya bibi harusi, na mmoja ameitwa akasahaulika.

Watu huwa wanaleta hoja kwamba NVENC ni bure, kipande maalumu, hakigusi gemu, kwaiyo ata zikirekodi tatu poa tu. Nimeisikia mara nyingi na mimi mwenyewe niliamini. Kubana kwenyewe ndo kunafanyika kwenye kipande maalumu, sawa. Lakini fremu haifiki huko kwa miujiza, lazima ichukuliwe, ikopiwe, mara nyingi ibadilishwe rangi na wakati mwingine ukubwa, na hizo zote zinapita kwenye kumbukumbu ya kadi na zinaomba muda kwa kadi hiyohiyo. Kama kadi yako inacheza gemu kwa asilimia 60 hutaona chochote. Kama gemu limeifikisha asilimia 99 kama yangu, hapo kila kikopi kidogo ni mtu wa ziada kwenye daladala lililojaa.

Kuizima ni sekunde kumi, aibu tupu. Windows 11 unaenda Settings, Gaming, Captures, unazima palipoandikwa Record what happened. Windows 10 ni hukohuko kwenye Captures ila imeandikwa kwa maneno mengine, ni ile inayosema irekodi kwa nyuma wakati nacheza. Basi. Hamna kuwasha upya kompyuta wala nini, ila mimi niliwasha upya tu kwa kujiridhisha.

Dogo akaniambia usiniambie umepona, pima. Akanipa utaratibu nikaona anazidisha ila nikamtii maana mpaka hapo alikua ameshinda kila kitu. Gemu lilelile, ramani ileile, dakika kumi, ukimaliza ndo uangalie Stats, alafu unabonyeza Reset unarudia. Mara tatu swichi ikiwa imewashwa, mara tatu imezimwa. Iliyowashwa zilicheza kati ya asilimia 7 na 9 za kukosekana kwenye kuchora. Iliyozimwa, karibu asilimia 3. Zile chache za kubana zikapungua kidogo.

Asilimia 3. Siyo sifuri. Nilitegemea sifuri. Nikamwandikia dogo kwa hasira kidogo kama vile yeye ndo kaniuzia mashine, akanijibu, "angalia tena Video Encode OBS ikiwa imefungwa."

Bado inatembea.

Chini kuliko mwanzo, lakini inatembea. Mwingine yuko humu. Nikatafuta mpaka nikaikuta, ile ya Nvidia yenyewe, Instant Replay, ambayo ni wazo lilelile kutoka kwa mtu mwingine, unabonyeza Alt na F10 inahifadhi dakika zilizopita. Ilikua imewashwa. Hii sikumbuki kabisa niliiwasha lini, nadhani nilibonyeza vitufe vya kuiwasha kwa bahati mbaya nikiwa nahangaika kwenye gemu, maana ina njia ya mkato ya kibodi na vidole vyangu siviamini. Kwaiyo hesabu ya kweli ilikua wapiga picha watatu. Na hapo likaeleweka fumbo lingine la zamani, kuna siku OBS iligoma kabisa kuanza kurekodi inaniambia kazi za NVENC zimezidi. Kadi za kawaida za Nvidia zina kikomo cha video ngapi zibanwe kwa wakati mmoja, miaka ya nyuma zilikua mbili tu, 2020 zikawa tatu, 2023 wakaongeza zikawa tano, na baada ya hapo wakaongeza tena. Mimi siku ile nilikua na dereva ya zamani sana, yaani programu inayoendesha kadi, nikafikiri kadi imekufa.

Nikazima na hiyo. Ikashuka chini ya asilimia 1.

Toka hapo nikawa kama mtu aliyeona panya mmoja ndani, nikawa napekua kila kona. Discord ina klipu zake. Steam nayo toka 2024 ina kurekodi gemu na ina hali ya kurekodi kwa nyuma muda wote. Wenye kadi za AMD nao wana Instant Replay yao ndani ya programu ya kadi. Kila programu siku hizi inataka kukutunzia kumbukumbu, na hakuna inayomuuliza mwenzake kama kuna mtu ameshaanza. Zangu nyingi zilikua zimezimwa, lakini nilifungua moja moja nikahakikisha kwa macho.

Alafu nikaharibu.

Nikaona video ya mtu anasema ukitaka kumaliza kabisa usizime swichi, ng'oa Game Bar yote kwa PowerShell, lile dirisha la Windows la kuandika amri. Mimi kwa ile hasira nikang'oa. Kesho yake nafungua gemu inatokea kiboksi kinasema unahitaji programu mpya kufungua linki ya ms-gamingoverlay. Nakifunga, kinarudi. Nachomeka padi ya kuchezea, kinarudi. Maana gemu na padi bado zinaiita Game Bar na Game Bar haipo, Windows inakuuliza wewe. Ikabidi niirudishe kutoka Microsoft Store. Na faida niliyopata kwa kuing'oa ukilinganisha na kuzima swichi tu, nikipima, hamna, zero. Game Bar ikiwa imelala haili chochote cha kuhesabika, kinachokula ni kurekodi kwa nyuma. Na kuna watu kuing'oa kutawaumiza kabisa, wenye zile prosesa za AMD kama 7950X3D, mfumo wao unaitegemea Game Bar kutambua kwamba hapa ni gemu ili kazi ipelekwe kwenye kor sahihi, yaani sehemu ya prosesa inayofaa gemu. Ukiing'oa unajirudisha nyuma mwenyewe alafu unaanza kutukana prosesa.

Kitu kingine watu wanachanganya, na mimi nilichanganya, ni Game Mode. Iko jirani kwenye menyu ileile ya Gaming na jina linafanana ila ni kitu kingine, haihusiani na kurekodi, yenyewe inalipa gemu kipaumbele. Zamani kwenye Windows 10 kabla ya toleo la 1809 ilikua inaikaba OBS kweli, inainyima kadi na prosesa, ndo maana utakuta maandishi mengi ya miaka ile yanasema zima zima zima. Ushauri ule bado unazunguka mpaka leo na umeshazeeka. Kwangu nilipima imewashwa na imezimwa, sikuona tofauti, nikaiacha imewashwa.

Ile iliyobaki chini ya asilimia 1 niliimaliza kwa vitu viwili vya kawaida sana. Cha kwanza nilifunga fremu za gemu. Nilikua naliacha likimbie mpaka mwisho wa uwezo, linatoa fremu 140 kwenye skrini ya 60, yaani kadi inajiua kuchora picha ambazo skrini yangu haina uwezo wa kuzionyesha na OBS inaomba nafasi haipewi. Nikaifunga 60, kadi ikashuka kutoka 99 mpaka kwenye 70 na kitu, OBS ikapumua. Cha pili naifungua OBS kwa haki za msimamizi, kubonyeza kulia, Run as administrator. Mwanzo niliona ni uchawi wa mtandaoni lakini waliotengeneza OBS wenyewe ndo wanaoushauri, kwenye Windows 10 toleo la 1903 na kuendelea OBS ikifunguliwa hivyo inaweza kuomba kipaumbele kwenye kadi. Kama nisingezima vile viwili vya kurekodi nadhani hivi ningeviona ni dawa kubwa, ila kwa mpangilio niliofuata mimi vilikua vya kufagia tu.

Sasa swali ambalo mtu atauliza, na jamaa zangu waliuliza palepale, maajabu je? Ukimaliza watu wanne usiku video utapata wapi? Ndo sehemu inayonichekesha maana jibu lilikua ndani ya OBS siku zote, inaitwa Replay Buffer. Unaiwasha kwenye setingi za Output, unaiwekea kitufe kwenye Hotkeys, na ukiweka ubora wa kurekodi uwe uleule wa matangazo basi haibani video mara ya pili, inachukua ileile iliyobanwa tayari kwa ajili ya watazamaji, inaishikilia kwenye ramu. Kwa bitireti ya 6000, sekunde 30 ni kama megabaiti 22 na nusu. Ramu ya megabaiti 22, ata kichupo kimoja cha brauza kinakuzidi. Ubaya wake ni mmoja, lazima ukumbuke kuianzisha, kuna batani yake ya kuanza, ila kwenye setingi za General unaweza kuiambia ianze yenyewe ukianza kurusha. Na kama hujafungua OBS kabisa basi hamna kitu, maajabu yako unakufa nayo.

Bitireti nimerudisha 6000. Watu wa chati wakaniuliza nimenunua kadi gani mpya, nikawaambia ileile. Kuna mmoja hakuamini mpaka leo, anasema naficha. Na kuna mwingine alienda kuzima na yeye akarudi kuniambia haijabadilika kitu, tukaangalia Stats yake pamoja, fremu zake zote zinadondoka mtandaoni, za kuchora hana ata moja. Huyo nilimwambia achomeke waya. Ile dawa ya kwanza kabisa niliyojipa mimi ikashindwa, kwake ikafanya kazi siku hiyohiyo.

Dogo nilimpa cheo cha usimamizi kwenye chati. Bado haongei.

Wiki ile nikaingia kwenye folda ya Videos, ndani kuna Captures, kuangalia Windows ilinihifadhia nini. Kulikua na klipu kumi na tisa za zile wiki mbili za mwanzo. Nyingi ni mimi nimesimama. Kumbe nilikua nabonyeza nimechelewa, nashangilia kwanza, naruka kwenye kiti, ndo nakumbuka kitufe, kwaiyo zile sekunde 30 zilizopita ni mimi mwenyewe nikiwa nimeachia kibodi, mtu wangu kwenye gemu anaangalia ukuta. Tatu zina kitu cha maana, na moja wapo ni mimi ndo nauawa.

Jana nimeweka gemu jipya. Kabla ata sijafika kwenye menyu yake likaniuliza kama napenda linihifadhie matukio yangu muhimu lenyewe bila mimi kubonyeza chochote. Nikatafuta batani ya hapana, ilikua ndogo, rangi ya kijivu, pembeni huko chini.